Nyimbo za Newala Kwenye Silinda za Nta

Mwaka 1906, vita vya Maji Maji vikiwa bado havijazimwa kabisa, Mjerumani Karl Weule wa makumbusho ya Leipzig alitoka Lindi kuelekea bara akiwa na fonografu, kamera na askari wa kumlinda. Alipita Masasi na Chingulungulu, akapanda hadi Newala, juu ya bonde la Ruvuma, akirekodi nyimbo za wenyeji. Kitabu cha safari hiyo kilitoka mwaka 1908. Mwaka uliofuata Alice Werner, mtaalamu wa Kiswahili, alikitafsiri kwa Kiingereza.

Fonografu haikuhitaji umeme. Mwimbaji alisogea mdomoni mwa pembe ya mashine, sauti ikatikisa sindano, nayo ikachimba mfuo kwenye silinda ya nta. Silinda moja ilibeba dakika chache tu, hivyo wimbo mrefu ulikatwa. Kila ilipochezwa, sindano iliikwangua nta.

Kinga ilikuwa shaba. Katika Hifadhi ya Sauti ya Berlin, iliyoanzishwa na Carl Stumpf mwaka 1900, silinda ya aina hiyo ilipakwa grafiti na kuzamishwa kwenye maji ya salfeti ya shaba, umeme ukipitishwa, mpaka ikavaa ganda gumu. Nta ya awali iliharibika, lakini ndani ya ganda zilibaki alama za mfuo, na humo zilimiminwa nakala mpya. Wakusanyaji waliagizwa pia kupuliza filimbi ya kipimo, mitetemo 435 kwa sekunde, mwanzoni mwa kila silinda. Agizo hilo lilikuwa la busara kubwa: kwa filimbi hiyo fundi wa leo hujua kasi halisi ya wimbo.

Baada ya Vita Kuu ya Pili sehemu kubwa ya hifadhi ilipelekwa Leningrad, kisha Berlin Mashariki, na ikarudishwa mahali pake mwaka 1991. UNESCO iliiingiza katika Kumbukumbu ya Dunia mwaka 1999.

Kiwango kinachotumika sana leo kuhifadhi sauti kidijitali ni vipimo 96,000 kwa sekunde, kila kimoja cha biti 24. Ubora huo hauwezi kurudisha mlio wa ngoma ambao nta haikuunasa. Faida yake ni kuhifadhi kila kilichomo, hata mikwaruzo, ili mafundi wa baadaye wasafishe bila kuigusa tena silinda.

Nyimbo alizorekodi Weule zilichukuliwa nchi ikiwa chini ya bunduki. Nakala zake bora ziwekwe Newala na Masasi, zisikike kwenye redio za Mtwara, na wazee wanaojua Kimakonde, Kiyao na Kimakua waulizwe maana ya maneno yake wangali hai.