Saa za Uswisi: Tasnia Iliyokulia Milimani

Utengenezaji wa saa nchini Uswisi ulianza mjini Geneva katika nusu ya pili ya karne ya 16, na chanzo chake kilikuwa dini zaidi kuliko biashara. Mwaka 1541 mhubiri Jean Calvin alirejea mjini humo na kuanza kuuongoza kwa kanuni kali za Kiprotestanti. Mapambo yalipigwa vita, mikufu na pete vikahesabiwa kuwa majivuno, na masonara walioishi kwa kazi hizo wakapungukiwa na wateja. Saa ilisalimika kwa kuwa ilihesabiwa kuwa chombo cha manufaa. Wakati huohuo Waprotestanti waliokuwa wakiteswa nchini Ufaransa, maarufu kwa jina la Wahuguenot, walikimbilia Geneva, na miongoni mwao walikuwamo mafundi saa. Masonara waliozoea kuchonga dhahabu wakajifunza kwa wageni hao. Mwaka 1601 mafundi wa mji waliunda chama chao, kilichoweka masharti ya kuchukua wanagenzi na kiwango cha kazi ambacho mtu alipaswa kukifikia kabla ya kuitwa fundi kamili.

Tangu hapo tasnia hiyo imekaribia kuzidiwa nguvu mara mbili: kwanza na viwanda vya Marekani katika karne ya 19, kisha na vya Japani katika karne ya 20. Mara zote mbili iliokolewa na mambo mawili: wingi wa mafundi waliotapakaa katika mabonde yake, na utayari wa kubadili kile inachokiuza.

Geneva ilipojaa mafundi, kazi ilienea kuelekea kaskazini, katika milima ya Jura inayopakana na Ufaransa. Huko ardhi ni ya malisho kuliko ya kilimo, na theluji ilikuwa ikiwafungia wakulima majumbani kwa miezi mingi. Masimulizi ya wenyeji yanamtaja kijana Daniel JeanRichard, mwana wa nchi hiyo, ambaye mwaka 1679 alitengeneza saa iliyoharibika ya mfanyabiashara wa farasi aliyekuwa akipita, kisha akaichunguza hadi akaweza kuunda ya kwake. Hata kama masimulizi hayo yametiwa chumvi, JeanRichard mwenyewe alikuwapo. Alifungua karakana Le Locle na kufundisha vijana wengi kabla ya kufariki mwaka 1741.

Mfumo uliokua milimani ulikuwa wa kugawana kazi. Tajiri wa saa alinunua malighafi na kuzisambaza kwa kaya mbalimbali. Kaya moja ilitengeneza magurudumu ya meno tu, nyingine skrubu, nyingine springi, nyingine mishale. Vipande vilivyokamilika vilirudishwa kwa tajiri, naye akawapa mafundi waliounganisha na kurekebisha saa nzima. Ndani ya nyumba ya mkulima meza ya kazi ilisimama chini ya safu ya madirisha, kwa sababu kipande kidogo kuliko punje ya mchele hakifanyiwi kazi gizani. Wanawake na watoto walishiriki, na mwenye nyumba aliweza kuacha tupa yake na kwenda kukamua ng'ombe. Mfumo huu ulihitaji mtaji mdogo, na ulijenga ujuzi katika maelfu ya familia kwa wakati mmoja.

Mji wa La Chaux-de-Fonds, ulio kwenye mwinuko wa takriban mita 1,000, ulikuwa kitovu cha kazi hiyo. Baada ya moto mkubwa wa mwaka 1794 ulijengwa upya, na katika karne ya 19 ukapangwa kwa mitaa mirefu iliyonyooka, nyumba zikiachiwa nafasi ili kila karakana ipate jua. Karl Marx, katika kitabu chake kuhusu mtaji kilichotoka mwaka 1867, aliutaja mji huo kuwa kama kiwanda kimoja kikubwa cha saa. Mafundi wake walikuwa watu wa kusoma na kubishana. Kutoka kwao lilitokea Shirikisho la Jura, lililopinga mamlaka ya dola na kushiriki mkutano wa Saint-Imier mwaka 1872. Mwanafikra wa Kirusi Peter Kropotkin aliwatembelea mafundi hao mwaka huohuo, na baadaye akaandika kwamba ndio waliomfanya aukubali msimamo huo. La Chaux-de-Fonds na jirani yake Le Locle ziliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2009.

Wakati milima ikitoa saa nyingi za bei ya kawaida, Geneva ilishughulikia wateja wakubwa. Vacheron, iliyoanzishwa mwaka 1755, iliuza saa kwa majumba ya kifalme. Patek Philippe ilitokana na ushirika ulioanzishwa mwaka 1839 na Mpolandi Antoni Patek, na baadaye akaingia Mfaransa Adrien Philippe, aliyebuni saa inayojazwa kwa kuzungusha kitufe badala ya kutiwa ufunguo. Abraham-Louis Breguet, mzaliwa wa Neuchâtel, alifanya kazi Paris. Mwaka 1801 alipata hataza ya tubiyoni, kizimba kidogo kinachozunguka pamoja na moyo wa saa ili kupunguza makosa yanayoletwa na mvutano wa dunia. Mafundi wa bonde la Joux nao walibobea katika saa zenye kazi za ziada, kama zile zinazogonga kengele kutaja saa na dakika au kuonyesha tarehe bila kukosea mwaka mrefu. Audemars Piguet ilianzishwa katika bonde hilo mwaka 1875.

Tishio la kwanza lilitoka Marekani. Viwanda vya huko, hasa cha Waltham karibu na Boston, vilitengeneza vipande kwa mashine, vyote vya kipimo kimoja, hivi kwamba kipande cha saa moja kiliweza kuingia katika nyingine bila kusuguliwa tena. Mwaka 1876, wakati wa maonyesho makubwa ya Philadelphia, mhandisi Jacques David wa kampuni ya Longines alitumwa kuchunguza. Ripoti aliyoileta ilikuwa ya kutisha: ikiwa Waswisi hawatakusanya kazi viwandani na kununua mashine, soko litawaponyoka. Baadhi walisikia. Longines, ambayo tayari ilikuwa na kiwanda Saint-Imier tangu mwaka 1867, ilizidi kutumia mashine, na mwaka 1894 kampuni ya familia ya Brandt mjini Bienne ilitoa mtambo wa saa ulioitwa Omega, uliotengenezwa kwa vipande vinavyobadilishana. Hata hivyo karakana ndogo hazikufa. Ziligeuka kuwa wauzaji wa vipande kwa viwanda, na mchanganyiko huo uliiwezesha Uswisi kutengeneza saa za kila bei. Katika ngazi ya chini, Georges Frédéric Roskopf alikuwa amekwisha kutoa, mwaka 1867, saa imara ya mfukoni yenye vipande 57 tu, kwa bei ya faranga 20, akiwalenga wafanyakazi.

Sayansi nayo iliingia kazini. Kituo cha kuangalia nyota cha Neuchâtel, kilichofunguliwa mwaka 1858, kilipima usahihi wa saa na kuendesha mashindano kati ya watengenezaji. Charles Édouard Guillaume, mzaliwa wa Fleurier na mwana wa fundi saa, aligundua aloi za nikeli na chuma zisizobadilika sana kwa joto wala baridi, zilizosaidia springi ya saa kwenda sawa majira yote. Alitunukiwa Tuzo ya Nobel ya fizikia mwaka 1920.

Vita vya Kwanza vya Dunia viliihamisha saa kutoka mfukoni hadi mkononi, kwa kuwa askari aliye mahandakini hakuwa na nafasi ya kuchomoa saa ya mnyororo. Hans Wilsdorf, Mjerumani aliyeanza biashara London mwaka 1905, alihamia Geneva baada ya vita hivyo. Mwaka 1926 kampuni yake ya Rolex ilitoa saa yenye kasha lisiloingia maji, na mwaka 1931 ikaongeza mtambo unaojijaza kadiri mkono unavyotikisika.

Mdororo wa uchumi wa miaka ya 1930 uliacha maelfu ya watu bila kazi milimani. Mabenki, wenye viwanda na serikali waliunda makampuni makubwa ya pamoja, SSIH mwaka 1930 na ASUAG mwaka 1931. Kuanzia mwaka 1934 sheria ilidai kibali kwa yeyote aliyetaka kufungua kiwanda cha saa, kukipanua, au kusafirisha vipande na mashine nje ya nchi. Ulinzi huo ulihifadhi ajira na siri za ufundi, lakini uliwazoesha watengenezaji kuishi bila ushindani. Sheria ilianza kulegezwa mwaka 1961, wakati Uswisi ikitawala soko la dunia.

Tishio la pili lilikuwa kubwa zaidi, na sehemu yake ilizaliwa Uswisi kwenyewe. Mwaka 1962 makampuni ya saa yalianzisha kituo cha utafiti wa elektroniki mjini Neuchâtel, na mwaka 1967 kituo hicho kilikamilisha mfano wa saa ya mkononi inayotumia fuwele ya kwatzi. Fuwele hiyo ikipewa umeme wa betri hutetemeka kwa kasi isiyobadilika, mara 32,768 kwa sekunde katika saa za leo, na kuipita mbali kwa usahihi saa yoyote ya springi. Lakini waliowahi kuiuza walikuwa Wajapani: Seiko iliingiza sokoni saa yake ya kwatzi tarehe 25 Desemba 1969. Bei ilianza juu, kisha ikaporomoka kadiri viwanda vya Asia vilivyoongeza uzalishaji. Juu ya hayo, kuvunjika kwa mfumo wa viwango visivyobadilika vya kubadilishana fedha mwanzoni mwa miaka ya 1970 kulipandisha thamani ya faranga, na saa za Uswisi zikawa ghali zaidi nje. Mwaka 1970 tasnia iliajiri watu takriban 90,000 katika makampuni 1,600 hivi. Kufikia mwaka 1984 walibaki zaidi kidogo ya 30,000. Mashine ziliuzwa kama chuma chakavu. Katika kiwanda cha Zenith mjini Le Locle, fundi Charles Vermot aliamriwa mwaka 1975 kuacha utengenezaji wa mitambo ya springi. Yeye alibeba kimyakimya vifaa na michoro ya mtambo wa El Primero hadi darini na kuvifunika, na miaka michache baadaye vilitumika kuufufua.

Uokoaji ulikuja kwa njia mbili. Ya kwanza ilikuwa bei nafuu. Mabenki yaliyokuwa yakizidai SSIH na ASUAG yalimwita mshauri Nicolas Hayek, na makampuni hayo yakaunganishwa mwaka 1983. Mwaka huohuo ilitoka Swatch, saa ya plastiki yenye vipande 51, iliyobuniwa na wahandisi Elmar Mock na Jacques Müller chini ya uongozi wa Ernst Thomke. Mtambo wake ulifungwa moja kwa moja ndani ya kasha, kazi ikafanywa na mashine, na bei ikawa chini ya faranga 50. Iliuzwa kama vazi la kubadilisha kila msimu, na ikavirudishia viwanda mapato na kazi.

Njia ya pili ilikuwa anasa. Mwaka 1972 Audemars Piguet ilitoa Royal Oak, saa ya chuma cha pua iliyochorwa na Gérald Genta na kuuzwa kwa bei ya saa za dhahabu. Jean-Claude Biver na Jacques Piguet walinunua jina la Blancpain, lililokuwa limelala, na kulitangaza kwa kujivunia kwamba halijawahi kutengeneza saa ya kwatzi. Hoja iligeuzwa: kwa kuwa betri ya bei rahisi inatosha kutaja saa, mteja wa saa ya springi analipia ufundi na heshima. Ndiyo maana kazi isiyoonekana kwa mvaaji hupewa siku nyingi. Kingo za vipande vya ndani hukatwa mshazari kwa tupa, kisha husuguliwa kwa bua lililokauka la mmea wa milimani uitwao jensiani hadi zing'ae kama kioo. Mwaka 2020 UNESCO iliuingiza ufundi wa saa za springi, wa Uswisi na Ufaransa kwa pamoja, katika urithi wa utamaduni usioshikika.

Matokeo yanaonekana katika hesabu za forodha. Mwaka 2000 Uswisi iliuza nje saa takriban milioni 30, na mapato ya sekta yalikuwa kiasi cha faranga bilioni 10. Mwaka 2023 saa zilizouzwa zilikuwa milioni 16.9 tu, lakini mapato yalifikia faranga bilioni 26.7. Idadi ilipungua karibu nusu, thamani ikazidi maradufu. Saa ni miongoni mwa bidhaa tatu kuu ambazo nchi hiyo huziuza nje, baada ya dawa na kemikali, pamoja na mashine. Sekta inaajiri watu wapatao 65,000, hasa katika majimbo ya Neuchâtel, Berne, Geneva, Jura, Vaud na Solothurn, na baadhi yao huvuka mpaka kila asubuhi kutoka Ufaransa. Umiliki umejikusanya kwa wachache: Swatch Group, Richemont iliyoanzishwa na familia ya Rupert ya Afrika Kusini, LVMH ya Ufaransa, na Rolex, ambayo ni mali ya wakfu wa Wilsdorf.

Jina la nchi lenyewe ni mtaji, na linalindwa na sheria. Tangu mwaka 2017 saa haiwezi kuitwa ya Uswisi kama angalau asilimia 60 ya gharama za kuitengeneza haikutumika nchini humo, na ni lazima iunganishwe na kukaguliwa hapo. Wanunuzi wakuu wako Marekani, Uchina, Hong Kong na Japani, na Ghuba ni soko la miaka mingi. Sultani Qaboos wa Oman aliagiza saa za Rolex zenye nembo ya jambia usoni ili kuwatunuku watu, na sasa zinagombaniwa minadani.

Kutegemea anasa kuna gharama zake. Mauzo huyumba kila matajiri wa soko moja wanapobana matumizi: mwaka 2020, wakati wa korona, mapato yalishuka hadi faranga bilioni 17, na Agosti 2025 Marekani ilitoza bidhaa za Uswisi ushuru wa asilimia 39, kabla ya makubaliano ya Novemba ya kuushusha hadi 15. Mishtuko kama hiyo huwafikia kwanza watengenezaji wadogo wa vipande katika mabonde ya Jura. Saa zinapopungua kwa idadi, wao hupungukiwa na oda hata pale kampuni zenye majina makubwa zinapopata faida, na ni katika karakana zao wanakofundishwa mafundi wanaotegemewa na kampuni hizo.