Waliochora Makanisa ya Mijini, na Sisi Tunaoimba Ndani Yake



Katika kurasa nyingine za kijitabu hiki mtasoma habari za walimu wa kwaya, safari tulizofanya na nyimbo tulizorekodi katika miaka hii 50. Sisi wanakwaya tumeomba nafasi ndogo kueleza habari za nyumba ambazo watu huimba ndani yake. Tuna sababu. Ramani ya kanisa letu jipya imebandikwa katika ofisi ya parokia, harambee ya kwanza imefanyika, na kamati ya ujenzi inakaribia kutia sahihi. Kabla ya kalamu kugusa karatasi, ni vyema tujue makanisa makubwa ya miji yetu yalichorwa na nani, na yalijengwaje.

Tuanzie Unguja, maana huko ndiko Waanglikana wa pwani walikoinua mojawapo ya makanisa makubwa ya kwanza. Mwaka 1873 Sultani Barghash alikubali kufunga soko la watumwa, na siku ya Krismasi mwaka huo huo jiwe la msingi la Kanisa la Kristo liliwekwa Mkunazini, mahali pale pale palipokuwa soko. Ramani ilitoka kwa msanifu wa Uingereza, C. F. Hayward, lakini aliyeisimamia kazi ni Askofu Edward Steere, yule yule aliyefanya kazi kubwa ya kutafsiri Maandiko kwa Kiswahili. Steere alitumia kilichokuwapo: matumbawe ya pwani. Hata paa lake la mviringo lilijengwa kwa matumbawe yaliyochanganywa na saruji. Ibada ya kwanza ilifanyika Krismasi ya 1877. Wageni wanaotembelea kanisa hilo huonyeshwa nguzo fulani karibu na mahali pa ubatizo, na husimuliwa kwamba mafundi walizisimamisha kichwa chini wakati Askofu alipokuwa safarini. Aliporudi aliziacha, na ziko hivyo mpaka leo. Steere alifariki mwaka 1882 na kuzikwa ndani ya kanisa hilo, nyuma ya madhabahu.

Kutoka Unguja tuvuke hadi Mombasa. Kanisa Kuu la Ukumbusho lililoko barabara ya Nkrumah liliwekwa wakfu mwaka 1905, kwa kumbukumbu ya Askofu James Hannington, aliyeuawa Busoga mwaka 1885 akiwa njiani kwenda Uganda, pamoja na wengine waliotumika naye. Mchoraji wake, John Sinclair, hakuwa kasisi. Alikuwa mtumishi wa serikali ya Uingereza aliyefanya kazi Zanzibar kwa miaka mingi, na huko pia alichora majengo ya serikali ambayo bado yanasimama. Mtu akilitazama kanisa lile kwa mara ya kwanza, akaona kuba lake la rangi ya fedha na matao ya madirisha yake, anaweza kudhani ni msikiti mpaka aone msalaba. Sinclair aliutazama mji kabla ya kuchora. Alijua jua la Mombasa, upepo wake na macho ya watu wake, akachora kanisa ambalo halikuonekana geni katika mtaa wake.

Nairobi ilikuwa mji mchanga ilipojengewa Kanisa Kuu la Watakatifu Wote. Gavana Henry Conway Belfield aliweka jiwe la msingi tarehe 3 Februari 1917, vita vikuu vikiwa vinaendelea. Ramani ilikuwa ya Temple Moore, mmoja wa wasanifu waliosifika sana Uingereza kwa makanisa ya mawe yenye matao yaliyochongoka. Moore alifariki mwaka 1920. Kanisa lilijengwa kwa vipande, fedha zikipatikana kazi inaendelea, zikikatika inasimama, mpaka likakamilika mwaka 1952. Hesabu ni rahisi: miaka 35 tangu jiwe la msingi, na miaka 32 tangu mchoraji azikwe. Lakini ramani yake ilikuwa wazi kiasi kwamba waliokuja nyuma yake waliweza kuimalizia.

Wala Moore hangeweza kujua kuta zile zingekuja kufanya kazi gani. Zilijengwa wakati wa ukoloni, kwa ajili ya Wazungu waliotawala. Mwaka 1992, akina mama waliokuwa wakidai wana wao waachiliwe kutoka gerezani walifukuzwa kwa nguvu na polisi katika bustani ya Uhuru. Wakakimbilia Watakatifu Wote, ng'ambo ya barabara, wakapokelewa, wakalala humo kwa miezi mingi wakiomba na kuimba. Kanisa lililochorwa kwa ajili ya wachache likawa nyumba ya mama zetu.

Si mbali na hapo, karibu na ukumbi wa jiji, liko Kanisa la Familia Takatifu la ndugu zetu Wakatoliki. Kanisa la mawe la hapo awali lilikuwa limezidiwa na watu. Jipya lilijengwa kati ya 1960 na 1963, miaka ile ile nchi ilipokuwa ikielekea uhuru, na mchoraji wake alikuwa mwanamke, Dorothy Hughes, miongoni mwa wanawake wa kwanza kufanya kazi ya usanifu wa majengo katika Afrika Mashariki. Aliacha mtindo wa zamani wa kuiga Ulaya ya kale, akatumia zege, kuta ndefu zilizonyooka na nafasi pana ya kuingiza umati. Mji ulikuwa unabadilika, naye akachora kwa ajili ya watu waliokuwa wakija.

Haya yote yanahusu nini kwaya? Kila mwanakwaya anajua jibu kwa masikio yake, hata kama hajawahi kulisema. Jengo nalo linaimba. Sauti ikigonga ukuta wa jiwe hurudi. Ikigonga zulia au pazia zito humezwa. Paa likiwa juu sana na kuta zikiwa tupu, wimbo wa taratibu wa sauti nne huelea na kupendeza, lakini pambio la mwendo wa haraka lenye kayamba na ngoma hugongana na mwangwi wake, maneno yasisikike. Dari ikiwa chini na zulia likijaa kila mahali, maneno husikika, lakini sauti hukauka, nasi hulazimika kupiga kelele au kutegemea spika. Kwaya yetu huimba nyimbo za aina zote mbili, kwa hiyo tunahitaji nyumba iliyo katikati.

Ramani iliyoko ofisini inatuweka nyuma kabisa, chini ya roshani, na nguzo moja iko mbele ya sauti ya tatu. Dari imechorwa ikiwa chini, na zulia ni kutoka mlangoni hadi madhabahuni. Hatulaumu mtu. Lakini wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta, na kufuta mstari kwenye karatasi ni rahisi kuliko kubomoa nguzo. Zile za Mkunazini zinatosha kutukumbusha.

Kwa hiyo, kwa heshima, tunaomba mambo matatu. Kwanza, msanifu wetu aje Jumapili moja akae nasi ibada nzima, asikie tunavyoimba na namna waumini wanavyoitikia, kama Sinclair alivyouona mji wake kwanza. Pili, ramani igawanywe katika hatua, ili hata fedha zikikatika, watakaotufuata waweze kuendelea bila kukisia. Tatu, kanisa likikamilika, pawekwe jiwe lenye majina ya waashi, maseremala na vibarua, pamoja na akina mama watakaobeba maji na mchanga. Majina ya wachoraji na magavana tumeyapata kwa urahisi. Majina ya mafundi waliopandisha matumbawe ya Mkunazini hayakuandikwa ukutani.

Nasi tunaahidi hili: sadaka yote ya sherehe ya leo inaingia katika mfuko wa ujenzi, maombi yetu yakikubaliwa au yasipokubaliwa. Wengi wetu tutakuwa tumenyamaza kanisa hilo litakapotimiza miaka 50. Watoto wa Shule ya Jumapili wanaoimba leo asubuhi ndio watakaosimama humo. Tunawaombea wakute nyumba inayobeba sauti zao.

Mungu awabariki nyote.

Katibu wa Kwaya, kwa niaba ya wanakwaya wote.