Lodi Twining: Gavana Aliyepanda Daraja

Sir Edward Twining alikuwa Gavana wa Tanganyika kuanzia 1949 hadi 1958. Akiwa afisa kijana wa jeshi la Uingereza mjini Dublin, mwaka 1921 aliongoza doria iliyomkamata Éamon de Valera, kiongozi wa wapigania uhuru wa Ireland. De Valera baadaye akawa waziri mkuu, kisha rais.

Akiwa gavana wa Tanganyika, Twining alitaka Waafrika, Wazungu na Waasia wawe na viti sawa katika Baraza la Kutunga Sheria, ingawa Waafrika walikuwa sehemu kubwa mno ya wananchi. TANU, chama cha wapigania uhuru, kilipoanzishwa mwaka 1954, aliegemea machifu na baadaye akakiunga mkono chama pinzani cha UTP (United Tanganyika Party).

  

Mwaka 1958 Twining alistaafu, akapewa ulodi wa maisha usiorithiwa, kwa jina la Baron Twining wa Tanganyika na Godalming. Uchaguzi wa kura tatu wa 1958 na 1959, ambamo kila mpiga kura alichagua Mwafrika, Mzungu na Mwasia, ulikuwa matunda ya mpango wake, lakini TANU iliushinda. Uhuru ukapatikana tarehe 9 Desemba 1961. Twining alifariki mwaka 1967.