Kufika Mahakamani: Kufutwa kwa Rufani za Madai na Safari ya Mtu wa Lusenda

Sheria zilizoletwa na wakoloni zilimtaka mdaawa aonekane mbele ya hakimu. Kiswahili humtaka afike. Tofauti ya vitenzi hivi ni ndogo kwa mkazi wa Dar es Salaam. Kwa mtu wa Lusenda, pwani ya Ziwa Tanganyika katika Fizi, ndiyo yenye uzito wote wa kanuni tunayoijadili: kwamba mrufani asipofika siku iliyopangwa, rufani yake yaweza kuondolewa bila kusikilizwa.

Kanuni hiyo ilitufikia kwa njia mbili. Tanganyika iliipokea kutoka India, kwa Sheria ya Mwenendo wa Madai ya mwaka 1908, na sheria ya Tanzania ya mwaka 1966 ikaihifadhi. Mahakama yaweza kuifuta rufani, naye mrufani aweza kuomba irudishwe akionyesha sababu ya kutosha. Kongo iliipokea kutoka Ubelgiji, na amri ya tarehe 7 Machi 1960, iliyotolewa miezi michache kabla ya uhuru, ingali msingi wa mwenendo wa madai. Huko mdai asipofika, mdaiwa aweza kuomba aachiliwe bila hakimu kugusa kiini cha shauri, na daawa huzimika. Katika hatua ya kwanza mdai aweza kuanza upya. Katika rufani mambo ni mengine, kwani muda wa kuikata ni siku 30. Ukiisha kupita, hukumu ya chini ndiyo inayobaki, na shamba hubaki na aliyeshinda kwanza.

Kanuni yenyewe, kwa hakika, si ya dhuluma. Wako wanaokata rufani ili kuchelewesha utekelezaji tu, na aliyeshinda hastahili kungoja milele. Tatizo ni kwamba kanuni hudhani kuna barabara.

Chini ya amri ya tarehe 15 Aprili 1926, mahakama za wenyeji zilikaa karibu na watu, na lugha yao ilieleweka. Baada ya uhuru zilikusudiwa kuachia nafasi mahakama za amani, ambazo wananchi huziita tribinali. Rufani kutoka huko huenda mahakama kuu ya Uvira, na mashauri yaliyoanzia Uvira hupanda hadi Bukavu, kwa Kifaransa. Wakati huohuo Fizi ilikuwa nchi ya vita: uasi wa 1964 na 1965, kisha maficho ya Laurent-Désiré Kabila milimani tangu 1967, kisha vita vya 1996 na 1998, vilivyowavusha maelfu ya watu ziwa hadi Kigoma.

Hapo ndipo amri ya 1960 inapotisha. Mtu asiyejulikana makazi huitwa kwa hati inayobandikwa kwenye mlango mkuu wa mahakama, na muhtasari wake hupelekwa katika gazeti la serikali. Hebu tumfikirie mkulima aliyekimbilia kambi ya Nyarugusu akiwa na shauri la shamba Uvira. Wito wake uko mlangoni, ng'ambo ya ziwa, nayo sheria yamhesabu kuwa ameitwa.

Imewahi kutokea mahakama yenyewe kufunga safari. Mwezi Februari 2011 mahakama tembezi ya kijeshi ilikaa Baraka, ikamhukumu Luteni Kanali Kibibi Mutware kifungo cha miaka 20 kwa ubakaji uliofanyika Fizi siku ya mwaka mpya. Ilikuwa jinai, tena ya kutisha, na wafadhili walisaidia. Mpaka wa shamba haujapata kuvuta msafara wa namna hiyo, ingawa Katiba ya 2006, katika ibara ya 21, humhakikishia kila mtu haki ya kupinga hukumu.

Mwezi Februari 2025 waasi wa M23 waliitwaa Bukavu, na Uvira ikabaki upande wa serikali. Kwa miezi kadhaa, mrufani wa Lusenda aliyetaka kufika Bukavu alipaswa kwanza kuvuka mstari wa vita katika bonde la Ruzizi.