Deki Mbili na Kanda Tupu

Kabla kompyuta hazijafika kwenye vibanda vyetu mjini Kisii, video ya harusi ilihaririwa kwa deki mbili za VHS. Moja ilicheza kanda iliyotoka kwenye kamera, nyingine ikanakili kwenye kanda tupu, kidole changu kikingoja juu ya kitufe. Mama wa bwana harusi akiuliza mbona shangazi hayumo, hapakuwa na namna ya kumchomeka katikati: ulirudi alipostahili kuwa, ukanakili upya kila kilichomfuata. Ukikwepa kazi hiyo kwa kutoa nakala ya nakala, wekundu wa gauni ulivuja hadi usoni mwa aliyelivaa. Ndiyo maana tulijifunza kuamua kwanza, kukata baadaye. Niliitazama kanda yote nikiandika saa na dakika daftarini, ndipo nikawasha deki ya pili.

Matanga ndiyo yaliyotulisha, kuanzia Ogembo hadi Keroka na Nyansiongo. Familia ilitaka kila hotuba ibaki, kwa kuwa mtoto wa marehemu alikuwa Minnesota na hakuweza kuja kuzika. Tena kanda zetu za mfumo wa PAL hazikucheza kwenye mashine za Marekani, zilizotumia mfumo wa NTSC, hivyo ilibidi zigeuzwe kabla ya kutumwa. Mtu mmoja alikuwa mpiga picha, fundi wa sauti na mhariri.

Naihesabu kazi hii kuwa sinema. Nairobi Half Life ya David "Tosh" Gitonga (2012), filamu ya kwanza ya Kenya kuwasilishwa kuwania Oscar ya lugha za kigeni, inaanza na Mwas, kijana wa mashambani anayeuza filamu za mapigano huku akiziigiza mbele ya wateja. Wauzaji wa aina yake niliwajua sokoni Daraja Mbili. Mhariri wa filamu hiyo ni Mkaiwa Mwambura, ambaye pia alihariri Kati Kati ya Mbithi Masya (2016), iliyopata tuzo ya wakosoaji ya FIPRESCI mjini Toronto. Zote mbili zilitokana na mpango wa mafunzo wa One Fine Day Films. Zitazame kwa kufuatana. Ile ya kwanza inakimbia na wezi wa jijini. Katika ya pili, Kaleche anazinduka nyikani bila kumbukumbu, na picha zinatulia mpaka uelewe kwamba watu wale wamekwisha kufa. Ni mkono uleule! Mhariri wa filamu huru hachagui mwendo mmoja akaubeba kila mahali. Huusikiliza ule uliomo ndani ya kanda, jinsi hotuba ya mazishi inavyodai muda wake na ngoma ya harusi inavyodai wake.

Mwaka huohuo wa 2016 Funai ya Japani, kampuni ya mwisho duniani kutengeneza deki za VHS, iliacha kuzitengeneza. Mvua za huku kwetu huziotesha kanda ukungu, na ukungu huharibu vichwa vya deki. Aliye na kanda ya baba yake chini ya kitanda, Kisii au Nyamira, aitoe sasa aipeleke ikahamishiwe kwenye kompyuta, deki chache zilizobaki zingali zinafanya kazi.