Baasto ya Garissa na Mpaka wa Mto Juba

Agiza baasto katika mkahawa wowote mjini Garissa uone kama kuna atakayekuuliza unamaanisha nini. Neno lenyewe ni la Kiitaliano, pasta. Kisomali hakina sauti /p/, kwa hivyo ikageuka /b/. Sasa jiulize, Mwitaliano alifikaje huku ilhali mtawala wetu alikuwa Mwingereza?

Mwaka wa 1891 mataifa hayo mawili yalikubaliana kwamba Mto Juba uwe mpaka wao. Huko kaskazini, Mfaransa naye alikuwa ameshagawana na Mwingereza mwaka wa 1888, Djibouti ikawa yake. Msomali hakuulizwa kitu.

Kisha ikaja vita ya kwanza ya dunia. Ili Italia ishawishike kujiunga nao, Uingereza na Ufaransa ziliiahidi, katika mkataba wa siri wa London wa 1915, kwamba zikijiongezea makoloni ya Mjerumani nayo itafidiwa Afrika. Deni hilo lililipwa Juni 1925: Jubaland, pamoja na Kismayu, ikamegwa kutoka Kenya ikapewa Italia. (Naam, Kismayu ilikuwa yetu. Wanafunzi wangu hudhani natania.) Mto unaoonekana kwa macho ukaacha kuwa mpaka, mahali pake pakachukuliwa na mistari ya rula iliyokata malisho na koo. Februari 1941 majeshi ya Uingereza yaliyoanzia Garissa yaliiteka Kismayu, lakini mistari ile haikufutwa.

Ng'ambo, borsa ya Mwitaliano ikawa boorso, yaani mkoba. Forchetta ikawa fargeeto, uma. Kutoka kwa Mwingereza Kisomali kikapata buug, ndugu wa buku letu. Mwingereza alizifunga wilaya za kaskazini kwa sheria za 1902 na 1934, mtu asiingie wala kutoka bila kibali. Maneno hayakuomba kibali. Yalivuka na watu na mifugo yao.

Ndiyo maana hukereka ninaposikia lafudhi ya mtu ikifanywa ushahidi wa uraia. Kwa miongo mingi kijana wa Garissa aliyetaka kitambulisho alipitishwa kwanza mbele ya kamati ya kumchuja, jambo ambalo mwenzake wa Nyeri hakulijua. Uchujaji huo ulifutwa kwa tangazo la rais mjini Wajir, Februari 2025. Na mzee aliyezaliwa Kismayu mwaka wa 1922 alizaliwa ndani ya Kenya.