Wimbo Uliotangulia Kurudi: Saida Karoli na Wasikilizaji wa Ufipa



Waandishi wa historia ya muziki wetu hupenda sana kueleza jinsi msanii alivyoibuka. Hueleza pia, kwa uchungu, jinsi alivyofifia. Kurejea kwake huachiwa magazeti ya burudani, ambayo hulitaja jambo hilo kwa juma moja kisha yakapita. Katika mhadhara huu ninakusudia kulichukulia suala la kurejea kuwa ni suala la historia na la lugha kwa pamoja, na mfano wangu mkuu ni Saida Karoli, mwimbaji na mpiga ngoma kutoka Bukoba. Hata hivyo sitamtazama kutoka Bukoba wala kutoka Dar es Salaam. Nitamtazama kutoka Sumbawanga, kwenye uwanda wa juu wa Ufipa ulio kati ya Ziwa Tanganyika na bonde la Ziwa Rukwa, mahali ambapo si Kihaya wala Kiswahili kilichokuwa lugha ya kwanza ya wazee. Nitaonyesha kwamba msikilizaji wa huko, ambaye hakuuelewa wimbo wake wote, ni shahidi bora wa kilichotokea kuliko wengi waliouelewa.

Wafipa wana simulizi yao ya kurejea. Inasemwa kwamba mtawala wa kwanza, Ntatakwa wa Milansi, alikwenda kuwinda. Akiwa porini, wakafika wanawake watatu wageni, wakaingia katika makao yake na kukikalia kigoda. Aliporudi alikuta mamlaka yamekwisha hama. Kutoka kwa wanawake hao ukatokea ukoo uliotawala nchi ile, ambayo baadaye iligawanyika kuwa Nkansi na Lyangalile. Na ndiyo maana hadi leo tuna wilaya iitwayo Nkasi. Mwanaanthropolojia Roy Willis, aliyefanya utafiti Ufipa mwanzoni mwa miaka ya 1960, aliichambua simulizi hii kwa kina. Kinachonivutia mimi ni sehemu ambayo wasimulizi wengi huipitia haraka: Ntatakwa hakufukuzwa. Alibaki na Milansi yake, na Milansi ikabaki na heshima ya kuwa chimbuko, kijiji ambacho watawala wapya hawakuweza kukipuuza. Aliyerudi akakuta kigoda kimekaliwa hakupata kigoda. Alipata kutambuliwa kwamba yeye ndiye aliyekuwapo kwanza. Naomba tuiweke akiba simulizi hiyo, maana tutaihitaji.

Saida Karoli alizaliwa mwaka 1976 katika Mkoa wa Kagera. Alijifunza ngoma na uimbaji nyumbani, tangu utotoni. Mwaka 2001 ilitoka albamu yake ya kwanza, *Maria Salome*, na wimbo uliobeba jina hilo ukasikika nchi nzima na kuvuka mipaka. Watu wengi hawakuuita kwa jina lake. Waliuita *Chambua kama Karanga*. Hapa mwanafunzi wa lugha asimame kidogo. Wimbo una jina la Kihaya kwa maana ya mazingira yake, na una jina la Kiswahili kwa maana ya mapokezi yake. Beti ziliimbwa kwa Kihaya. Kiitikio kikatoa dirisha la Kiswahili, nalo likatosha. Msikilizaji wa Sumbawanga alishika kile alichoweza kukishika, akakifanya kuwa jina la kitu kizima.

Ili kuona ajabu ya jambo hilo ni lazima tukumbuke redio ilivyokuwa. Kwa miongo mitatu baada ya Uhuru, Redio Tanzania Dar es Salaam ilikuwa karibu sauti pekee ya Tanzania Bara, na ilikuwa chombo kikuu cha kukieneza Kiswahili. Lugha nyingine za Kitanzania ziliingia kwa mlango mmoja tu: mlango wa ngoma. Mzee Morris Nyunyusa aliingia hata bila maneno. Midundo yake ndiyo iliyotangulia taarifa ya habari, na hakuna aliyeuliza midundo ni ya lugha gani. Kwa njia hiyo taifa lilizoea kuzisikia lugha za wenzao kama sehemu ya mlio wa ala. Sheria ya utangazaji ya mwaka 1993 ilipofungua njia kwa vituo binafsi, Radio One ikafuata mwaka 1994, na vingine vikaja. Vijana wa mijini wakaanza kutengeneza kile kitakachoitwa Bongo Fleva. Basi mwaka 2001, katikati ya rap ya Kiswahili na gitaa za dansi, akatokea mwanamke mwenye ngoma anayeimba Kihaya, na akauza kuliko wengi wao.

Bidhaa ile ilikuwa kaseti. Nasisitiza hili kwa sababu vijana wa leo huliona kuwa jambo dogo. Kaseti iliyotaka kufika Ufipa ilisafiri kutoka Dar es Salaam hadi Mbeya, kisha Tunduma, kisha ikapanda uwandani kwa barabara ya vumbi. Lami ya Tunduma hadi Sumbawanga ilikuja kukamilika katika miaka ya 2010. Kaseti ilinakiliwa njiani mara nyingi, na kila nakala iliyorudufiwa ilipunguza kitu: kwanza ubora wa sauti, halafu karatasi ya jalada, na pamoja na jalada likaondoka jina la mwimbaji. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ilipitishwa mwaka 1999, na chombo cha kuisimamia, COSOTA, kilikuwa bado kichanga wakati Saida anavuma. Kwa maoni yangu, hapo ndipo mbegu ya yote yaliyofuata ilipopandwa. Wimbo uliweza kwenda mahali ambapo mwenyewe hajulikani sura wala jina.

Nyimbo nyingine zilifuata, *Mapenzi Kizunguzungu* ikiwa miongoni mwa zilizopendwa. Kisha soko la kaseti likaporomoka, ladha ya redio ikageuka, na sauti yake ikasikika kwa nadra. Sitaki kuongeza chumvi hapa. Kufifia kwa msanii ni jambo la kawaida kabisa, na halihitaji kutafutiwa mkosaji. Jambo ambalo si la kawaida ni kwamba ukimya wake ulijazwa na uvumi: ilisemwa kwamba amekufa, tena ilisemwa zaidi ya mara moja, huku yeye yu hai.

Wakazi wa Sumbawanga wanaujua uvumi kuliko watu wengi. Jina la mji wao hufasiriwa kuwa ni agizo la Kifipa, yaani "tupa uchawi", jina ambalo kwa mantiki yoyote lingepaswa kuupa mji sifa ya kuukataa uchawi. Lakini kwingineko nchini jina hilo limegeuzwa kuwa utani wa radi na ndumba, na Mfipa anayesafiri hulazimika kuujibu utani huo hata kabla hajaulizwa hali. Tazameni: neno linalokanusha jambo limefanywa ushahidi wa jambo lenyewe. Mtu aliyetoka katika mji wa namna hiyo hahitaji kufafanuliwa maana ya kusemwa na watu wasiokujua.

Mwezi Septemba 2016 Diamond Platnumz, akishirikiana na Rayvanny, alitoa *Salome*, wimbo uliojengwa juu ya ule wa Saida. Video yake ilitazamwa na mamilioni kwenye mtandao. Rayvanny ni kijana wa Mbeya, mji uleule ambao kaseti za Ufipa zilipitia. Naitaja kama sadfa tu, wala sitaijengea nadharia. Watoto waliozaliwa baada ya mwaka 2001 waliupokea wimbo kama mpya. Wazazi wao waliutambua kwa kiitikio, na wakaanza kuuliza: yule mama yuko wapi? Kwa hiyo wimbo ulirudi kwanza, ukiwa katika vinywa vya wengine, na ndio ulioandaa njia ya mwenye nao. Mwaka uliofuata, 2017, Saida Karoli alirejea kwa wimbo wake mpya, *Orugambo*.

Kuna mfano wa pwani unaofaa kulinganishwa na huu. Siti binti Saad, aliyerekodi santuri Bombay mwaka 1928 na kufariki mwaka 1950, nyimbo zake zilirudi masikioni mwa dunia kupitia Bi Kidude, aliyeziimba hadi uzeeni na kutunukiwa tuzo ya WOMEX mwaka 2005. Huko mwimbaji wa baadaye aliwarudishia watu sauti ya marehemu, na marehemu hakuweza kuongeza neno. Saida alikuwapo. Aliweza kujibu.

Na jibu lenyewe, mbele ya wataalamu wa lugha, ni jina la wimbo. *Orugambo* ni neno la Kihaya linalobeba maana ya maneno ya watu, uvumi, masengenyo. Mzizi wake ni *-gamba*, kusema. Kiswahili kiliidondosha *g* ya kale katika mazingira mengi: Mhaya husema *okugenda* pale ambapo sisi husema *kwenda*. Kwa kanuni hiyohiyo *-gamba* ya Kihaya ndiyo *-amba* yetu, tunayoikuta katika *ambia*, na imejificha ndani ya *kwamba*. Kila mara Mswahili anapotamka "inasemekana kwamba", anatumia mzizi wa *orugambo* bila kujua. Kiambishi cha mwanzo nacho kina mafunzo yake. Mhaya huiita lugha yake *Oruhaya*, Mfipa huiita yake *Icifipa*, nasi husema *Kiswahili*. Kihaya huwekwa katika kanda ya Maziwa Makuu na Kifipa katika kanda M ya Guthrie, kwa hiyo hawa si majirani wa karibu. Lakini sikio la Mfipa lililozoea irabu ya kutangulia mbele ya ngeli halishtuki linaposikia *oru-*. Hushtuka zaidi sikio la Mswahili wa mjini. Hii ndiyo sababu nilidai mwanzoni kwamba msikilizaji wa Ufipa ni shahidi bora: alisikia wimbo wa lugha ngeni wenye umbo la kwao.

Sasa tumrudie Ntatakwa. Mwaka 2017 kigoda cha muziki wa Tanzania kilikuwa kimekaliwa na vijana wenye studio, kampuni na mamilioni ya watazamaji. Saida hakukirudia, na sidhani kama alikitaka. Alichokuja kukidai ni Milansi yake: kwamba wimbo ulikuwa na chimbuko, chimbuko lina jina la mtu, na mtu huyo bado anasema. Alichagua kukidai hicho kwa jina la Kihaya, baada ya kuona kwa miaka 16 kwamba kilichobaki vichwani mwa watu ni kiitikio cha Kiswahili. Angeweza kuuita wimbo wake *Uvumi*. Redio zingemshukuru.

Hapa ndipo taaluma yetu inapoguswa. Vitabu vyetu vya fasihi simulizi hukusanya nyimbo za Kiswahili na kuziacha nyingine kwa wataalamu wa lugha moja moja, nao ni wachache. Willis aliandika kitabu kizima mwaka 1978 juu ya sanaa ya masimulizi ya Wafipa, na ni wanafunzi wangapi wa Kiswahili waliokifungua? Tukiendelea hivyo, *Maria Salome* itaingia katika historia ya wimbo wa Kiswahili kwa ajili ya kiitikio chake tu, na *Orugambo* haitaingia kabisa. Ilhali wimbo wa kwanza ulipendwa Bukoba, Dar es Salaam na Sumbawanga kwa sauti ya mwimbaji, kwa ngoma yake, na kwa beti ambazo wengi hawakuzielewa. Kijana wa Nkasi au Kalambo anayetunga leo kwa simu yake hukabiliwa na uamuzi uleule: aimbe Kiswahili chote, au aweke dirisha moja la Kiswahili katika nyumba ya Icifipa. Akichagua la pili, sijui ni nani miongoni mwetu atakayekuwa tayari kumsikiliza kwa makini yanayotosha kuandika beti zake, pamoja na jina lake.